Mshindi Alikwisha Kujulikana: Kamera za Kwanza katika Mbio za Matanga



Oktoba mwaka 1899, nje ya bandari ya New York, mbele ya ulimi wa mchanga uitwao Sandy Hook, mitambo miwili michanga ilipandishwa melini ikapelekwa kutazama mbio zilezile za mashua. Wa kwanza ulikuwa simu ya upepo. Mwenyewe, Guglielmo Marconi, Mtaliano wa miaka 25, aliajiriwa na gazeti la New York Herald akae baharini na kifaa chake na kupeleka pwani, kwa nukta na vistari, habari za kila hatua ya mashindano. Wa pili ulikuwa kamera ya filamu ya kampuni ya Thomas Edison. Sinema yenyewe, kwa maana ya picha zinazotembea ukutani mbele ya watu waliolipa kiingilio, ilikuwa na umri wa miaka minne tu.

Leo nataka tuzungumze juu ya kamera ile. Lakini simu ya upepo hatutaiacha nyuma, maana ndiyo iliyoamua kamera ifanye kazi gani. Habari ya nani ametangulia na nani amechelewa ilifika mjini mashua zikiwa bado baharini. Filamu ilibidi kwanza irudishwe nchi kavu, isafishwe gizani, ikaushwe, inakiliwe, ndipo ipelekwe kwenye majumba ya maonyesho. Ilipowashwa taa ya mtambo, kila aliyeketi ukumbini alikwisha kumjua mshindi. Na bado watu walikwenda. Walikwenda kutazama nini?

Kwanza tujue mashindano yenyewe. Ni yale ya America's Cup, kombe la fedha ambalo mashua ya Kimarekani iliyoitwa America ililitwaa mwaka 1851 katika mbio za kuzunguka kisiwa cha Wight, kusini mwa Uingereza. Wenye mashua walilikabidhi kwa New York Yacht Club kwa sharti kwamba klabu yoyote ya nchi nyingine ina haki ya kuleta chombo na kuligombea. Wamarekani walilishikilia miaka 132, mpaka Waaustralia walipolichukua mwaka 1983.

Mwaka 1899 aliyekuja kugombea alikuwa Sir Thomas Lipton. Naam, ndiye huyohuyo wa pakiti ya chai iliyo kabatini kwako. Alizaliwa Glasgow kwa wazazi kutoka Ireland, akaanza na duka la vyakula, akatajirika, akanunua mashamba ya chai kisiwani Ceylon. Alileta changamoto yake kwa jina la Royal Ulster Yacht Club, na chombo chake kilichopakwa rangi ya kijani akakiita Shamrock. Mpinzani wake alikuwa Columbia, mashua iliyochorwa na kuundwa na Nathanael Herreshoff wa Bristol, Rhode Island, kwa fedha za tajiri wa mabenki J. P. Morgan na mwenzake C. Oliver Iselin. Usukani wa Columbia alikabidhiwa Charlie Barr, nahodha mfupi mwenye masharubu, mzaliwa wa Scotland aliyechukua uraia wa Marekani.

Watu walikuwa tayari, vyombo vilikuwa tayari, upepo ukakataa. Kuanzia tarehe 3 Oktoba mashua zilitoka mara baada ya mara, zikaishia kwenye shwari au ukungu. Sheria ilitaka mzunguko wa maili 30 za baharini umalizike kwa muda usiozidi saa 5 na dakika 30. Muda ukipita, mbio zinafutwa, watu wanarudi nyumbani. Mbio halali za kwanza zilipatikana tarehe 16, Columbia akatangulia kwa zaidi ya dakika 10. Kesho yake sehemu ya juu ya mlingoti wa Shamrock ilikatika, na Columbia akaumaliza mzunguko peke yake, kwa kuwa pande mbili zilikwisha kukubaliana kuwa kila mmoja atabeba msiba wa chombo chake. Tarehe 20 upepo ukavuma sawasawa, Columbia akashinda tena, na mambo yakaishia hapo: tatu kwa bila.

Sasa mfikirie mpiga picha katika hali hiyo. Filamu ya Edison ilikuwa na upana wa milimita 35, na kamera ilibeba kipande kifupi, cha kutosha dakika moja au mbili hivi. Mbio zinaweza kuchukua saa nne au tano. Hana lenzi ya kuvuta kitu cha mbali kikaja karibu. Kamera imesimama juu ya miguu mitatu kwenye sitaha ya meli inayoyumba, na akiifungua mapema, ukanda utakwisha kabla mashua hazijafika. Akichelewa, zimekwisha kupita. Kila mzunguko wa mkono wake ni uamuzi.

Halafu kuna umbali, na umbali huo una historia yake. Mwaka 1895 Lord Dunraven wa Uingereza alikuja na mashua yake Valkyrie III, akalalamika vikali kwamba meli za watazamaji zilimzonga, zikamharibia upepo na kumtibulia maji. Katika mbio za tatu alivuka mstari wa kuanzia, akageuza chombo, akaondoka zake. Aibu hiyo iliwafanya wabunge wa Marekani wapitishe, mwaka uliofuata, sheria ya kulinda njia ya mashindano ya mashua. Kwa hiyo mwaka 1899 vyombo vya serikali, chini ya Kapteni Robley Evans wa jeshi la wanamaji, viliuzuia msafara wa watazamaji usiingie njiani. Mashua zikapata maji yao na upepo wao. Kamera iliyokuwa ndani ya meli ya watazamaji ikazuiwa pamoja na meli. Ndiyo sababu katika nyingi ya filamu hizi matanga yako mbali, na mbele yake hupita bomba la meli, ukingo wa sitaha, au wingu la moshi wa makaa ya mawe.

Na rangi nayo ilikuwa na hila zake. Filamu za wakati ule ziliona buluu kupita kiasi na nyekundu hazikuiona. Anga ya buluu iligeuka nyeupe pe. Tanga ni jeupe, na nyuma yake anga nayo imekuwa nyeupe. Tanga likikaa upande wa jua, linayeyuka ndani ya anga. Likiwa upande wa kivuli, linatokea jeusi, na umbo lake lote linasomeka, kuanzia ncha ya mlingoti hadi kwenye boriti ya chini. Mpiga picha aliyetaka kazi yake ionekane ilimlazimu asome jua kama nahodha anavyousoma upepo.

Baada ya shida zote hizo, mtazamaji ukumbini alipewa nini? Tuangalie orodha ya filamu ambazo Edison aliziuza mwaka 1901, Lipton aliporudi na Shamrock II. Kuna inayoonyesha mashua mbili zikiviziana kabla ya mlio wa kuanzia, kila nahodha akimtafuta mwenzake pabaya. Kuna inayoonyesha zikizunguka chombo cha alama kule mwisho wa njia. Kuna ya kumaliza mbio. Na kuna picha ya msafara wa watazamaji wakirejea, meli kwa meli, moshi kwa moshi. Kila moja ni kipande kinachojitegemea. Mwenye jumba la maonyesho alinunua alivyotaka, akavipanga mwenyewe, akaweka mpiga piano, na pengine msimulizi wa kusimama kando ya pazia akieleza: huyu ndiye Columbia, yule nyuma ndiye mgeni.

Filamu ya kumaliza mbio inanirudisha kwenye swali langu. Mbio za tatu za mwaka 1901, tarehe 4 Oktoba, Shamrock II alivuka mstari wa mwisho akiwa mbele kwa sekunde 2. Mtu mwenye macho mawili aliyekuwa pale angeapa kwamba Lipton ameshinda. Lakini kanuni za wakati huo zilipima ukubwa wa kila chombo, na chombo kikubwa kililazimika kumpa mwenzake sekunde kadhaa. Hesabu ilipopigwa, Columbia alikuwa mshindi kwa sekunde 41. Jicho linasema hivi, karatasi inasema vile. Kamera, hata ingewekwa juu kabisa ya mstari, isingeweza kuzionyesha sekunde za hesabu. Ingeonyesha tanga likitangulia tanga.

Ndiyo maana nasema filamu hizi zikisomwa kama habari za michezo, zinachekesha. Zimechelewa, ni fupi, na mahali zilipoona vizuri zingeweza hata kudanganya. Lakini watu hawakuzinunua kwa ajili ya matokeo. Tusisahau kilichowasisimua New York usiku ule wa tarehe 23 Aprili 1896, Edison alipoonyesha picha zake ukutani kwa mara ya kwanza katika ukumbi wa Koster and Bial. Kulikuwa na wachezaji ngoma na vichekesho, lakini picha iliyozungumzwa sana ilikuwa ya mawimbi yakipiga ukuta wa bandari ya Dover, iliyopigwa Uingereza na Birt Acres. Bahari ilikuwa nyota wa sinema kabla ya mwigizaji yeyote. Mbio za mashua ziliwapa watu bahari ileile, safari hii ikiwa na kitu juu yake kinachopambana nayo.

Tena kulikuwa na jambo la uaminifu. Miaka ile ilijaa filamu za kuigiza matukio. Siegmund Lubin wa Philadelphia aliwahi kuchukua watu wengine kabisa wakaigiza pigano la ndondi la Corbett na Fitzsimmons la mwaka 1897, raundi kwa raundi, akaliuza. Mabondia wawili unaweza kuwaigiza popote penye nafasi ya ulingo. Lakini mashua yenye mlingoti unaopita nyumba ya ghorofa kumi, imelala ubavu, imezungukwa na meli zilizojaa watu, hiyo ungeigiza na nini? Mtazamaji aliyekuwa hana nauli ya kwenda Sandy Hook alijua kwamba hiki anachokiona kilitokea.

Hapa nataka tukae kidogo, kwa sababu ndipo penye uzito wa mazungumzo yetu. Mwaka 1903 Herreshoff aliunda chombo kilichoitwa Reliance, kumkabili Shamrock III. Kanuni ilipima mambo mawili: eneo la matanga, na urefu wa chombo kwenye usawa wa maji. Urefu huo haukuruhusiwa kuzidi futi 90, yaani karibu mita 27. Herreshoff alikubali, tena bila kuvunja hata herufi moja. Akaunda chombo ambacho kikiwa kimesimama wima bandarini, sehemu inayogusa maji haifiki futi 90. Lakini omo na tezi zake zilichomoza mbele na nyuma, juu ya maji, mpaka urefu wote wa chombo ukazidi mita 43. Upepo ukivuma, Reliance akalala ubavu, zile sehemu zilizokuwa hewani zinazama. Ghafla chombo kina urefu mwingine majini, na chombo kirefu huenda kasi kuliko kifupi. Juu yake alibeba matanga ya takriban mita za mraba 1,500 na mabaharia zaidi ya 60 wa kuyahudumia.

Kipimo kilichukuliwa chombo kimetulia, ushindi ulipatikana chombo kimelala. Mchoro wa fundi haukuonyeshi jambo hilo, wala jedwali la matokeo. Hata picha ya kawaida, nzuri namna gani, inakupa pembe moja tu ya ulalo. Filamu inakuonyesha kitendo kizima: upepo unaongezeka, mlingoti unainama, upande wa chini unazikwa kwenye povu, na chombo kinarefuka mbele ya macho yako. Siri ya ushindi wa miaka ile ilikuwa ndani ya mwendo, na chombo pekee cha kumbukumbu kilichoweza kuushika mwendo kilikuwa kamera hii.

Na hao mabaharia je? Magazeti yalijaza kurasa kwa majina ya Lipton, Morgan na Iselin. Waliovuta kamba walikuwa watu wengine. Columbia ya mwaka 1899 iliendeshwa na wavuvi wa Deer Isle, kisiwa cha jimbo la Maine, vijana waliozaliwa juu ya maji. Kwenye filamu ni vidoa vyeusi, hutambui sura ya hata mmoja. Lakini tazama vinavyotenda. Chombo kinapopiga bishi, mstari wa watu unajilaza ubavu wa upande wa joshi, kisha unainuka wote kwa pamoja, unavuka, unajilaza ng'ambo ya pili. Mtu yeyote wa Lamu au Nungwi aliyewahi kuambiwa apande juu ya ubao wakati wa mashindano ya matanga ataielewa picha hiyo bila msimulizi. Matajiri walipata majina yao magazetini. Kazi ya hawa imebaki kwenye ukanda wa filamu.

Na kubaki kwenyewe kulikuwa kwa bahati. Filamu za wakati ule zilitengenezwa kwa nitreti, kitu kinachowaka kama baruti na kinachooza kikikaa. Sehemu kubwa ya kazi za miaka hiyo imeteketea. Hizi zetu ziliokolewa na pengo la sheria. Kabla ya mwaka 1912 sheria ya hakimiliki ya Marekani haikuitambua filamu, ilitambua picha za kawaida. Basi kampuni kama ya Edison, zilizochoka kuibiwa kazi, zilichapa filamu nzima juu ya utepe wa karatasi, fremu baada ya fremu, zikaupeleka Washington kwenye Maktaba ya Bunge kama mkusanyo wa picha. Utepe ukawekwa, ukasahaulika. Nitreti ikaoza, karatasi ikakaa. Miaka ya 1940 zilikumbukwa, na baadaye Kemp Niver alibuni njia ya kuzipiga picha upya, fremu moja moja, zikarudi kuwa filamu. Zaidi ya filamu 3,000 ziliokoka kwa njia hiyo, na mwaka 1955 Niver alipewa tuzo ya heshima ya Oscar. Waliopeleka karatasi zile walikuwa wanalinda mapato yao, basi. Wametulindia na historia.

Vyombo vyenyewe havipo. Reliance alivunjwa mwaka 1913 akauzwa kama chuma chakavu, miaka kumi tu baada ya kushinda. Columbia naye aliishia hivyohivyo. Mbio za mwaka 1903 zilimalizika kwa kichekesho, Shamrock III akapotea kwenye ukungu asiuone mstari wa mwisho, na kombe halikugombewa tena mpaka mwaka 1920. Mwaka huohuo wa 1903 kampuni ya Edison ilitoa filamu ya Edwin S. Porter juu ya majambazi wanaoteka treni, ikapendwa ajabu. Watu wakaanza kudai hadithi zenye mwanzo na mwisho. Picha ya tanga likipita, bila jambazi wala mchumba, ikasogezwa pembeni.

Lipton aligombea mara tano, ya mwisho mwaka 1930, akashindwa mara zote tano. Wamarekani wakachanga fedha wakamtengenezea kikombe cha dhahabu, kwa kuwa ni mshindwa mwema kuliko wote waliopata kuwaona. Simu ya upepo nayo ilikua, ikajifunza kusema kwa sauti ya binadamu, ikawa hii redio mnayoisikiliza. Mtangazaji wa mpira wa leo anafanya kazi aliyoifanya Marconi pale Sandy Hook, ya kukuambia nani ametangulia kabla hujaona chochote. Kazi hiyo ni njema, mimi mwenyewe ndiyo inayonilisha. Lakini inaisha siku ileile. Ukishajua matokeo, hutarudi kusikiliza tena.

Filamu hizi Maktaba ya Bunge imeziweka kwenye intaneti, na kuzitazama hakulipiwi. Ukizipata, nakushauri usianze kwa kuuliza nani mshindi. Jibu nimekupa: Columbia mwaka 1899, Columbia mwaka 1901, Reliance mwaka 1903, na usukani wote mara tatu ulikuwa mikononi mwa Charlie Barr. Angalia tanga limesimama upande gani wa jua. Angalia omo inavyozama chombo kinapolala. Angalia watu wanavyohama ubavu hadi ubavu. Mambo hayo matatu hayakuweza kutumwa kwa nukta na vistari wakati ule, na mimi leo nimeyasimulia kwa maneno elfu mbili bila kuyafikisha yote.

Hapo ndipo tunapotia nanga kwa leo.